Machozi Yasiyodai Kitu



Wapenzi wa sinema za zamani, zile za siku ambapo picha zilitembea bila sauti, husifu sana kisa kimoja cha Ujerumani kiitwacho Alt-Heidelberg, yaani Heidelberg ya Kale. Husema ni kisa safi, chenye urafiki wa ujana, upendo usio na aibu, na mwisho wa huzuni unaomfundisha kijana kutanguliza wajibu kuliko furaha yake. Sisi tumekitafakari kisa hicho, na tumefikia neno jingine. Tunasema kwamba kinafundisha woga na kuuita wajibu. Kinamfanya mtazamaji aulilie urafiki uliokufa, kisha kinamruhusu arudi nyumbani bila kuuliza ni nani aliyeuua.

Tuanze na habari zake, ili asiyekifahamu asiachwe nyuma. Mwandishi Wilhelm Meyer-Förster alikitunga kwanza kama riwaya, kisha akakiandika upya kwa ajili ya jukwaa. Mchezo ulionyeshwa mara ya kwanza mjini Berlin mwezi wa Novemba 1901, ukapendwa mno, ukavuka mipaka na kuchezwa katika lugha nyingine. Mwaka 1923 Hans Behrendt aliugeuza kuwa sinema hukohuko Ujerumani, Paul Hartmann akicheza kama mwana wa mtawala na Eva May kama msichana Käthie. Mwaka 1927 Ernst Lubitsch, mzaliwa wa Berlin aliyekuwa amehamia Marekani, aliutengeneza tena Hollywood, akiwa na Ramon Novarro na Norma Shearer. Mapambo hutofautiana, lakini shina la kisa ni moja.

Shina hilo ni hili. Karl Heinrich ni mrithi wa kiti cha enzi katika nchi ndogo ya kubuniwa iitwayo Karlsburg. Amelelewa peke yake, kati ya kuta ndefu na watu wanaoinama. Anapofikia umri wa kusoma chuo kikuu, anapelekwa Heidelberg kwa mwaka mmoja, pamoja na mwalimu wake mzee, Daktari Jüttner, mtu mwenye moyo mkunjufu na afya dhaifu. Anafuatana pia na Lutz, mtumishi wake wa chumbani, ambaye anajivunia cheo cha bwana wake kuliko bwana mwenyewe. Wanapanga katika nyumba ya wageni iliyo ya kawaida kabisa. Käthie, msichana wa Austria anayehudumu hapo, anamkaribisha kwa maua. Wanafunzi wa chama kimoja wanamvika kofia yao na kumwita ndugu. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake, kijana huyo anacheka bila kutazama kwanza ni nani anayemwangalia.

Furaha hiyo haimalizi hata mwaka. Mtawala mzee anaugua, waziri anafika Heidelberg, na kijana anaitwa nyumbani. Jüttner anabaki nyuma kwa ugonjwa wake, na huko anafariki, mbali na mwanafunzi aliyempenda kama mwanawe. Miaka miwili inapita. Karl Heinrich sasa ni mtawala, naye amekwisha kuwa baridi kama kuta zake. Siku moja anakuja ikuluni Kellermann, mzee aliyekuwa akiwatumikia wanafunzi wa kile chama, na maneno yake yanaamsha yote yaliyokuwa yamelala. Mtawala anakimbilia Heidelberg. Lakini rafiki zake wanampokea wakiwa wamesimama wima, wamevaa mavazi ya heshima, wakimwita kwa cheo chake. Ni Käthie peke yake anayemkimbilia kama zamani. Wanaagana. Yeye atarudi kwao Austria kuolewa, na mtawala atamwoa binti wa ukoo unaolingana na wake. Pazia linashuka, na watazamaji wanatoa vitambaa vyao.

Wanaokisifu kisa hiki wana hoja, na si haki kuipuuza. Wanasema kwamba mtu hakuzaliwa kwa ajili ya nafsi yake tu. Mtawala anayeacha watu wake ili afuate moyo wake ni mchungaji anayeacha kundi. Kijana anayejifunza kukataa jambo analolipenda amejifunza jambo kubwa. Hayo yote tunayakubali. Hatuandiki hapa ili kusema kwamba kila tamaa ya ujana ni haki, wala kwamba Karl Heinrich angepaswa kukitupa kiti chake ili abaki akiimba chini ya miti kando ya mto Neckar. Wajibu upo, nao una uzito.

Tunachouliza ni hiki tu: wajibu huo ulidai nini hasa? Tuutazame moja baada ya jingine. Ulimdai arudi kwa mgonjwa aliyemwita, naye alirudi vema. Ulimdai achukue mzigo wa utawala, naye aliuchukua. Lakini ni wajibu gani uliomdai akae miaka miwili kabla hajakumbuka watu waliompa uhai mpya? Ni sheria gani iliyomkataza kuwa kando ya kitanda cha mwalimu wake, au kuwaandikia rafiki zake barua za mtu kwa watu? Ni maslahi gani ya taifa yaliyohitaji kwamba mzee Kellermann ndiye afunge safari kwenda kwa mkubwa, na si mkubwa kumtafuta mzee? Hapo hakuna wajibu. Kuna mazoea, na nyuma ya mazoea kuna kiburi kilichovaa nguo za wajibu. Kisa hakitenganishi vitu hivyo viwili. Kinavifunga katika kifurushi kimoja, kinatuambia tukibebe au tukiache, kisha kinatusifu kwa kukibeba.

Tutazame sasa wale rafiki. Watazamaji wengi humlilia mtawala na msichana, nao hupita haraka juu ya vijana wa chama. Kwetu sisi hapo ndipo penye jeraha. Kwa habari ya ndoa, kisa kinaweza kusema kwamba kulikuwa na kizuizi kikubwa, nasi tutarudi kwake. Kwa habari ya urafiki, hakukuwa na kizuizi chochote. Hakuna amri iliyowakataza vijana wale kumkumbatia mwenzao. Hakuna askari aliyesimama mlangoni. Walikuwa wamekunywa naye, wameimba naye, wamemwita ndugu. Aliporudi akiwa na njaa ya neno moja tu la zamani, walimpa heshima. Sinema isiyo na sauti inalionyesha jambo hili kwa ukali kuliko maneno, kwa sababu inatuachia miili tu: migongo iliyonyooka, visigino vilivyounganishwa, vichwa vilivyoinama kwa kipimo. Wahenga wetu walisema kwamba mla nawe hafi nawe. Hata kula hakukutosha Heidelberg kuwafanya vijana hao ndugu.

Tena tuwe wakweli: hawakubadilika siku ile. Tangu mwanzo walijua yeye ni nani. Kumwita mwana wa mtawala kwa jina lake, huku kila mmoja akijua kwamba mchezo utakwisha, ni starehe. Urafiki huanza pale mtu anapokubali kupoteza kitu kwa ajili ya mwenzake. Vijana wale hawakupoteza kitu walipomwita ndugu, wala hawakutaka kupoteza kitu aliporudi. Walimpa yule mwenye cheo kile ambacho cheo kilidai, mara zote mbili. Kisa kingetuonyesha hivyo na kusema wazi kwamba ni aibu, tungekisifu. Badala yake kinatuambia kwamba ujana ndivyo ulivyo, unapita, na kwamba hakuna wa kulaumiwa.

Neno hilo, kwamba hakuna wa kulaumiwa, ndilo tunalolipinga kwa nguvu zote. Katika kisa hiki, matarajio ya jamii yanakuja kama masika. Hakuna mkono uliotengeneza desturi, hakuna mtu anayenufaika nayo, hakuna anayeweza kuibadilisha. Watu husimama chini yake na kulowa. Lakini desturi za Ujerumani ya wakati ule zilikuwa na wenyewe. Katika nyumba za watawala zilikuwapo sheria za ukoo, zilizoandikwa na watu na kulindwa na watu, zilizodai mrithi aoe mtu wa hadhi sawa na yake, la sivyo watoto wake wasirithi kiti. Na palikuwapo watu waliogombana nazo. Mwezi wa Julai mwaka 1900, kabla mchezo huu haujaonyeshwa, Franz Ferdinand, mrithi wa kiti cha Austria, alimwoa Sophie Chotek, aliyekuwa binti wa ukoo wa heshima lakini asiyehesabiwa kuwa wa hadhi yake. Alilazimika kuapa kwamba watoto wao hawatarithi, naye mkewe alidharauliwa katika sherehe za ikulu kwa miaka mingi. Hatumtoi kama mtakatifu. Tunamtaja kwa sababu alionyesha kwamba ukuta ule ulikuwa na bei, na kwamba mtu aliweza kuilipa bila kukiacha kiti. Karl Heinrich hakuiuliza hata bei.

Na Käthie? Kisa kinampenda, lakini kinampenda kama watu wanavyopenda mandhari. Yupo ili ampe maua mgeni, abebe bia, acheke, kisha akumbukwe. Hatuambiwi anafikiri nini juu ya maisha yake. Basi tukumbuke jambo moja la kweli kuhusu mji ule. Chuo kikuu cha Heidelberg kilianzishwa mwaka 1386, na kwa karne zaidi ya tano hakikuandikisha wanawake kama wanafunzi kamili. Mwaka 1900 utawala wa Baden, ambao chuo hicho kilikuwa chini yake, uliwafungulia wanawake mlango wa kuandikishwa sawa na wanaume, kabla ya sehemu nyingine zote za Ujerumani. Mwaka uliofuata, mchezo wa Meyer-Förster uliwaalika watazamaji kulia kwa ajili ya Heidelberg ambamo msichana hana mahali ila kati ya meza za walevi. Mji wenyewe ulikuwa umekwisha kusonga mbele. Kisa ndicho kilichotaka ubaki nyuma, kwa sababu huzuni tamu inahitaji ulimwengu usiobadilika.

Wengine watatujibu: lakini undugu wa wanafunzi, je, huo nao mtaukataa? Hapana, undugu hatuukatai. Tunakataa kudanganywa juu yake. Kisa kinakazia nyimbo, kofia za rangi na vikombe vilivyoinuliwa. Vyama vile vya wanafunzi, hasa vile vilivyoitwa Corps, vilikuwa na upande mwingine. Kijana alipimwa kwa pambano la panga kali lililoitwa Mensur, ambamo mwili ulikingwa na uso ukaachwa wazi, na kovu la shavuni likawa hati ya heshima mbele ya jamii. Kanisa halikunyamaza juu ya roho hiyo. Papa Leo XIII aliwaandikia maaskofu wa Ujerumani na Austria mwaka 1891 kulaani mapigano ya watu wawili kwa ajili ya heshima. Vyama vya wanafunzi Wakatoliki, kama vile vilivyoungana katika Cartellverband tangu mwaka 1856, vilikuwa na nyimbo, kofia na rangi, lakini vilikataa upanga. Kwa hiyo ilijulikana wakati uleule kwamba vijana wanaweza kuwa ndugu bila kukatana nyuso. Wale waliochagua upanga walichagua kwa hiari.

Vyama hivyo vilikuwa pia mlango wa vyeo. Aliyemaliza masomo aliendelea kuwa mwanachama maisha yote, naye aliwavuta wadogo zake kuelekea ofisi za serikali, mahakama na jeshi. Bismarck alikuwa mtu wa Corps huko Göttingen, na Kaisari Wilhelm II alikuwa mtu wa Corps huko Bonn. Wajerumani wenyewe waliliona jambo hilo na wakalisema. Heinrich Mann, katika riwaya yake Der Untertan iliyotoka kama kitabu mwaka 1918, alimchora kijana anayejifunza ndani ya chama cha wanafunzi namna ya kuwainamia walio juu na kuwakanyaga walio chini. Yule kijana wa Mann na wale rafiki wa Karl Heinrich wamelelewa katika nyumba moja. Tofauti ni kwamba Mann aliwasha taa, na Meyer-Förster aliwasha mishumaa.

Sasa tuufikirie mwaka wa sinema ya Behrendt. Mwezi wa Novemba 1918 viti vyote vya enzi vya Ujerumani vilianguka. Katika dola 25 za himaya ile, 22 zilikuwa na watawala wa kurithi, na hakubaki hata mmoja. Katiba ya mwezi wa Agosti 1919 ilifuta upendeleo wote wa kuzaliwa, ikasema kwamba majina ya kikabaila yabaki kuwa sehemu ya jina tu. Maana yake ni kwamba mwaka 1923 hakuna Karl Heinrich yeyote nchini Ujerumani aliyekatazwa na kiti cha enzi kumwoa Käthie au kumkumbatia rafiki yake. Ukuta ulikuwa umebomoka. Na bado watengenezaji wa sinema walijua kwamba watu watalipa ili waje kuulilia.

Tunaelewa kwa nini. Mwaka uleule fedha ya Ujerumani iliyeyuka kama chumvi ndani ya maji, hata mwezi wa Novemba dola moja ya Marekani ikafikia marki bilioni elfu nne na mia mbili. Mtu aliyepoteza akiba ya maisha yake ana haki ya kupumzika jioni moja ndani ya ukumbi wenye giza, mbele ya mji mzuri na vijana wanaoimba. Hatumhukumu mtu huyo. Lakini tunauliza amelishwa nini alipokuwa na njaa. Aliambiwa kwamba zamani palikuwa na uzuri, kwamba uzuri ulikuwa ndani ya utaratibu wa vyeo, na kwamba mateso yaliyotokana na vyeo yalikuwa sehemu ya uzuri wenyewe. Sheria ilikuwa imewafungua watu. Kisa kiliwafundisha kuipenda kamba.

Na kamba haikukaa muda mrefu bila shingo. Tayari mwaka 1920, vyama vya wanafunzi vya jamaa nyingine, vile vilivyoitwa Burschenschaft, vilikubaliana katika mkutano wao huko Eisenach kutowapokea tena Wayahudi. Undugu uliosifiwa kwa nyimbo ulikuwa sasa unatangaza kwa maandishi ni nani asiyeweza kuwa ndugu. Hans Behrendt, aliyetengeneza sinema ya mwaka 1923 na kuupamba undugu wa wanafunzi kwa ajili ya taifa lote, alikuwa Myahudi. Baada ya mwaka 1933 hakupata tena nafasi ya kufanya kazi yake katika nchi aliyozaliwa. Mwaka 1942 aliuawa Auschwitz.

Hatusemi kwamba sinema ilimuua, wala kwamba mchezo wa Meyer-Förster ulijenga kambi zile. Kusema hivyo kungekuwa uongo, na uongo hautetei urafiki. Tunasema jambo dogo zaidi, ambalo halituachii raha. Taifa lililozoezwa kwa miaka mingi kuona rafiki akisimama wima mbele ya cheo, na kuona hilo kuwa zuri, halikuwa limezoezwa kusimama kando ya rafiki cheo kinapomgeuka. Kwa Karl Heinrich, rafiki walirudi nyuma kwa sababu amepanda juu mno. Kwa Wayahudi wa Ujerumani, rafiki wengi walirudi nyuma kwa sababu wameshushwa chini mno. Hatua ya mguu ni ileile. Moyo unaouliza kwanza jamii itasema nini hauna njia ya kujua ni lini utaombwa kuuza mtu.

Kwa haki tuseme neno juu ya Lubitsch. Yeye, katika sinema yake ya mwaka 1927, aliona jambo ambalo wengine walilificha. Anamwonyesha mrithi angali mtoto mdogo, akiogopa umati unaomwinulia kofia, akitamani kucheza na watoto walio upande wa pili wa malango. Na mwishoni, baada ya kila kitu kupotea, anampitisha mtawala katika gari la sherehe ya ndoa, huku watu kando ya njia wakisema ni raha iliyoje kuwa mfalme, na uso wa kijana umezimika. Hapo angalau tunaonyeshwa kwamba watu wa kando ya njia hawajui wanachokishangilia. Lakini hata yeye hakuthubutu kumfanya mtu mmoja aseme hapana. Alionyesha gereza kwa uaminifu, na mlango wake akaupaka rangi ya ukuta.

Wengine watasema tunadai mno kwa kisa cha burudani. Tunajibu kwamba hatudai jambo geni. Kisa cha kale kuliko Heidelberg kinajulikana kwetu sote. Yonatani naye alikuwa mwana wa mfalme na mrithi wa kiti. Alimpenda Daudi, kijana aliyetoka katika kuchunga kondoo. Kitabu cha Samweli kinasimulia kwamba alivua joho lake na kumpa, pamoja na upanga wake, upinde wake na mshipi wake. Baadaye, Sauli alipotaka Daudi auawe, Yonatani alisimama mbele ya baba yake mezani na kuuliza kijana huyo ametenda nini, naye mkuki ukaelekezwa kwake. Hakumwacha baba yake. Alikufa vitani upande wake. Wajibu wake wa mwana aliutimiza mpaka mwisho. Lakini hakukubali kwamba wajibu huo unamruhusu kumsahau rafiki. Ndani ya mtu mmoja vitu hivyo viwili vilikaa, kwa gharama, na gharama aliilipa mwenyewe. Karl Heinrich alilivua joho kwa miezi michache tu, akalivaa tena, na tukaambiwa tumhurumie kwa uzito wake.

Kuna watatu katika kisa hiki ambao wangeweza kutufundisha, kama kisa kingewapa nafasi. Jüttner alimpenda mwana wa mtawala akamtakia awe mtu, akalipa kwa kufa peke yake. Kellermann, mzee wa mikono iliyopasuka, alifunga safari na kuingia ikuluni bila kuwa na kitu cha kuficha, akawa mjumbe pekee wa ukweli katika nyumba nzima. Käthie alimkimbilia mtawala bila kumwinamia, wakati wanaume waliosoma walikuwa wanapanga miguu yao. Wote watatu ni wadogo katika hesabu za jamii yao. Wote watatu walikuwa rafiki kweli. Na wote watatu, kisa kinapokwisha, wamerudishwa mahali pao: mmoja kaburini, mmoja kwenye utumishi wake, mmoja kwa mchumba ambaye hatumfahamu. Machozi yetu yanaelekezwa kwa yule aliyebaki na nchi nzima mkononi.

Kwa hiyo, anayetaka kuwaonyesha vijana sinema hii na awaonyeshe. Hatuombi ifichwe, picha zake ni nzuri, na mambo mazuri yana haki ya kuonwa. Lakini taa zikiwashwa, asiwaulize kama wamelia. Awaulize ni nani alimtendea nani vibaya. Awaulize vijana wa chama wangepoteza nini kama mmoja wao angetoka katika mstari na kumshika mwenzake mkono. Awaulize kwa nini hakuna mtu aliyemwita Jüttner kuwa ni mhanga wa jambo lolote. Awaulize mwisho swali lililo gumu kuliko yote, ambalo kila kijana analibeba hata kama hajawahi kusikia jina la Heidelberg: siku rafiki yangu atakaporudi, akiwa amepanda sana au ameanguka sana, na macho ya watu yote yakiwa juu yetu sisi wawili, nitasimama wapi?

Kijana akilijibu swali hilo kwa ukweli, basi sinema hiyo ya kale itakuwa imemfaa, ingawa si kwa namna waliyoikusudia walioitengeneza.